Miezi 14 nilikaa na funguo za dada yangu

Samansi ilinikuta karakana. Nilikuwa napiga randa mlango wa mninga wa mteja, akaja kijana na bodaboda akauliza majina yangu yote matatu, nikajua tu hapo, maana mteja hakuulizi majina matatu. Akanipa karatasi nisaini, nikafuta mikono kwenye suruali nikasoma palepale nimesimama. Natakiwa nifike mahakamani saa tatu asubuhi, nieleze kwa nini nisichukuliwe hatua kwa kutotii amri ya mahakama na kwa nini nisiondolewe kwenye usimamizi wa mirathi. Nikarudia kusoma, nikarudia tena. Neno lililonikaa kooni ni hilo la kutotii, kwa sababu miezi 14 yote mimi nilikuwa najiambia nimechelewa tu.

Naandika hii ndugu zangu kwa sababu najua tuko wengi, hasa huku kwetu Moshi, mzee anafariki, ukoo unakaa, unachaguliwa wewe kuwa msimamizi, unapewa karatasi ya mahakama, halafu taratibu bila kujua unaanza kuona mali ya watu ni yako. Mimi sikuwahi kumtukana hakimu, sikuwahi kuchana karatasi ya mahakama, sikuwahi kusema sitoi. Nilikaa kimya tu nikaendelea na kazi zangu, na sikujua kwamba kimya nacho ni jibu.

Mzee alifariki 2019. Tuko watatu, dada yangu mkubwa, mimi, na kitinda mimba wetu wa kiume. Mzee aliacha kihamba Uru, yaani lile shamba la nyumbani la ukoo lenye nyumba yake, shamba la mahindi huku tambarare, na nyumba ya vyumba sita ya kupangisha hapa mjini Pasua. Kihamba hakikuwa na ugomvi maana kwa mila zetu nyumba ya mzee inabaki kwa kitinda mimba, kila mtu anajua hilo toka anazaliwa. Kikao cha ukoo kikanipendekeza mimi, tukafungua mirathi mahakama ya mwanzo, tangazo likabandikwa, hamna aliyeweka pingamizi, nikapewa Fomu namba 4, hiyo ndo inakufanya msimamizi. Ukiwa nayo watu wanakusikiliza, unaenda popote unasema mimi ndo msimamizi wanakupisha. Kuna fomu nyingine mbili zinafuata ambazo watu hatuzipendi, namba 5 ya kuorodhesha mali na madeni yote ya marehemu, hiyo inatakiwa ndani ya miezi minne toka umeteuliwa, na namba 6 ya hesabu, umepokea nini, umelipa nini, umegawa nini kwa nani. Namba 5 niliipeleka karibu mwaka umeisha. Namba 6 nilikuwa hata sijaigusa.

Ugomvi ukaja kwenye nyumba ya Pasua. Dada ndo alimuuguza mzee miaka yote ile ya mwisho, na mzee alisema mbele yetu sote, mpaka baba mdogo akiwepo, kwamba Pasua ni ya binti yangu. Alipofariki baba mdogo akaanza kusema mtoto wa kike ameolewa, ana kwao huko, mali ya ukoo haiwezi kuhama. Dada ni mjane, hiyo kwao anayoambiwa sijui ni wapi. Mimi nilisikia maneno ya baba mdogo nikanyamaza kwa sababu yalikuwa yananifaa, naomba niseme hivyo hivyo ilivyo. Dada akaenda kulalamika mahakamani, tukasikilizwa, wakaitwa mashahidi, na mwezi wa tatu 2021 hakimu akatoa amri. Shamba la tambarare langu, kihamba cha kitinda mimba, nyumba ya Pasua ya dada. Msimamizi akabidhi nyumba na funguo zake ndani ya siku 30, kodi zote kuanzia siku ile ni za dada, na Fomu namba 6 iletwe. Nilikuwepo. Niliisikia kwa masikio yangu, nikapewa na nakala.

Sasa hapa ndo nataka nikae kidogo, kwa sababu watu wakisikia mtu amedharau amri ya mahakama wanafikiri ni jeuri fulani hivi kifua mbele. Haiji hivyo. Inakuja na sababu, na ubaya wa hizo sababu ni kwamba kila moja ina ukweli kidogo ndani yake.

Wiki ya kwanza nilisema choo cha uani kinavuja, siwezi kumkabidhi dada nyumba mbovu, ngoja nitengeneze kwanza. Na kweli kilikuwa kinavuja, na kweli nilitengeneza, nikabadilisha na mabati mawili matatu. Siku 30 zikaisha nikiwa bado natafuta fundi bomba. Baada ya hapo nikasema wapangaji wameshalipa kwangu mwezi huu, nikimkabidhi katikati ya mwezi hesabu zitavurugika, ngoja mwezi uishe. Mwezi ukaisha ukaja mwingine. Mwaka ule kazi zilikuwa ngumu sana karakana, watu hawatengenezi milango wala vitanda, mtoto wangu anatakiwa ada, na kila tarehe mbili tatu hivi simu inalia meseji za kodi zinaingia, vyumba sita mara 35,000, ni 210,000 kila mwezi. Nilikuwa naiita hela ya mzee. Nadhani nikiiita hela ya dada mkono ungekuwa mzito kuitoa.

Halafu kuna jamaa mmoja kijiweni anajulikana kwa kuandikia watu mambo ya mahakama, sio wakili, akaniambia wewe kata rufaa tu, ukishakata rufaa kila kitu kinasimama, hata miaka mitano unakaa. Nikampa 150,000. Rufaa kutoka mahakama ya mwanzo kwenda mahakama ya wilaya inatakiwa ndani ya siku 30, yeye akaipeleka siku ya 41, bila hata ombi la kuongezewa muda. Mwezi wa tisa ikatupwa. Na nilichokuja kujua baadaye, tena kwa aibu, ni kwamba hata ingekuwa ndani ya muda isingesimamisha chochote peke yake. Rufaa ni kitu kimoja na kusimamisha utekelezaji wa hukumu ni kitu kingine, hilo la pili unaliomba, unatoa sababu, mahakama inakubali au inakataa, na mpaka ikubali amri iko palepale inakudai. Naomba mtu akisoma hapa abebe hilo hata kama mengine yote atayasahau, kwa sababu nimekutana na watu wengi mno wanaamini karatasi ya rufaa ni ngao.

Toka mwezi wa tisa mpaka mwezi wa tano mwaka uliofuata sikuwa na sababu tena hata ya uongo. Nilikuwa tu sipokei simu za dada. Akituma meseji "mdogo wangu vipi lile jambo" namjibu baada ya siku mbili, dada nimebanwa, wiki ijayo.

Nakumbuka mwaka huohuo wa 2021, mwezi wa saba mwanzoni, tulikuwa tunakunywa chai kwenye hoteli moja tunaangalia habari, ndo Jacob Zuma anapelekwa jela. Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ilimpa miezi 15 tarehe 29 mwezi wa sita, na watu pale mezani wengi walijua amefungwa kwa zile tuhuma za ufisadi, nikawarekebisha mimi, nikawaambia hapana, amefungwa kwa sababu mahakama ilimwamuru aende akahojiwe kwenye tume akagoma, ni kwa kutotii tu. Nililielezea vizuri sana. Mtu aliyekuwa rais wa nchi. Nikamaliza chai nikarudi karakana, na kwenye msumari pale juu ya meza yangu ya kazi zilikuwa zinaning'inia funguo za Pasua, siku ya mia moja na kitu toka niamriwe kuzitoa, na sikuunganisha kabisa yale mambo mawili.

Basi samansi ikaja, nina siku tisa mpaka tarehe. Usiku wa kwanza sikulala. Mke wangu akasema kuna mama mmoja kwenye kata yetu ni msaidizi wa kisheria, wale waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, hachukui hela, nenda kwake kabla hujaenda kwa yule wa kijiweni tena. Nikaenda. Nikamweleza kila kitu, choo, wapangaji, ada, rufaa, baba mdogo. Alisikiliza mpaka mwisho huku anachambua mchele kwenye ungo, halafu akaniuliza swali moja. "Kaka, ulishindwa au ulikataa?"

Nikamwambia nilishindwa. Akasema sawa, funguo ziko wapi? Nikamwambia ziko karakana kwenye msumari. Akaacha ungo akaniangalia. "Sasa ulishindwa nini?"

Akanieleza kwa utulivu. Kwamba mahakama inatofautisha mtu asiyeweza na mtu asiyetaka. Mtu aliyeamriwa alipe milioni kumi na hana hata kuku, huyo ana cha kujieleza, ataulizwa mali zake na kipato chake. Ila mtu aliyeamriwa atoe kitu alichonacho mkononi na hajakitoa, hata awe mpole namna gani, amekataa, tofauti ni kwamba amekataa kwa utaratibu. Akanisomea Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kifungu cha 114 kinachohusu kudharau mahakama, halafu cha 124 kwamba mtu asiyetii amri halali ya mahakama anaweza kwenda jela hadi miaka miwili. Akaniambia pia kwa mahakama za juu huko, ukivunja zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, wanaweza kukamata mali zako na kukuweka ndani kama mfungwa wa madai hadi miezi sita. Akasema huwezi kufungwa bila kupewa nafasi ya kujieleza, ndo maana umeitwa, hiyo nafasi ndo hii, usiende kuitumia kuelezea choo.

Kuhusu yale ya mtoto wa kike alinijibu kwa sentensi moja, kwamba Sheria ya Ardhi ya 1999 imeandika haki ya mwanamke kupata, kumiliki, kutumia na kugawa ardhi ni sawa na ya mwanaume, na kwamba hata kama ningekuwa na hoja, mahali pa kuisema ilikuwa siku ile ya kusikilizwa au kwenye rufaa ya wakati. Amri ukiiona imekosea unaipinga huku unaitii, au unaomba isimamishwe. Huwezi kukaa nayo mfukoni ukajitolea hukumu yako.

Na hili aliniambia nikaumia zaidi, kwamba ningeenda mahakamani siku ya 25 au ya 28 na barua fupi tu, mheshimiwa choo kinavuja naomba niongezewe wiki mbili, nikapigiwa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yangu, hakimu angeweza kunikubalia na wala tusingefika hapa. Barua ya nusu ukurasa. Karatasi shilingi ngapi?

Nikamwambia basi nitaenda kumwomba dada msamaha kabla ya tarehe. Nikapanda Uru kesho yake asubuhi kumwona shangazi, ndo amebaki mkubwa upande wa mzee, ili anisindikize. Kwa wasiojua mila zetu, Mchagga ukimkosea mtu sana unakata jani la isale, haya majani ya mpaka wa kihamba, unalifunga fundo unampelekea, na aliyeletewa isale hatakiwi kukataa msamaha, hata kama ni damu imemwagika. Nilikuwa nimeshalikata kabisa nimelishika mkononi. Shangazi alikuwa amekaa nje ya jiko anamenya ndizi za mtori, akaliangalia lile jani, akaniangalia mimi.

"Na funguo umebeba?"

Nikasema funguo ziko mjini shangazi, nataka kwanza tuelewane na dada.

"Mwanangu, unampelekea isale ili asikatae. Umemnyima nyumba yake, sasa unataka umnyime na kukukasirikia? Isale halifungui mlango. Peleka funguo. Hilo jani liache hapa litaota lingine."

Nikaliweka pale chini kwenye mgomba. Nimefikiria sana yale maneno toka siku ile. Mimi nilijiona naenda kufanya jambo la heshima, kumbe nilikuwa naenda kuchukua kitu kingine tena kutoka kwa mtu yuleyule.

Siku ya nne toka samansi nilizitoa zile funguo kwenye msumari. Ziko saba, sita za vyumba na moja ya geti, mzee alizifunga mwenyewe kwenye kipande cha waya wa umeme mwekundu, na kila moja alikwaruza namba kwa ncha ya msumari, moja, mbili, tatu, ile ya nne alikosea akaikwaruza mara mbili. Nimekaa nazo zaidi ya mwaka ukutani sikuwahi kuziangalia hivyo. Nikampigia dada, akapokea mlio wa kwanza. Nikamwambia dada naomba tukutane Pasua leo saa kumi, nitakuja na mwenyekiti wa mtaa. Akasema sawa. Hakuuliza kitu.

Msaidizi wa kisheria alikuwa ameniandikia hati ya makabidhiano, nakala tatu, kila chumba na hali yake, mita ya umeme inasoma ngapi, mpangaji gani amelipa mpaka lini. Tukapita mlango kwa mlango, dada anajaribu ufunguo mwenyewe, mwenyekiti anaandika, mimi nawatambulisha wapangaji, jamani huyu ndo mwenye nyumba. Mama mmoja wa chumba cha pili anayepika vitumbua akasema ndo leo tunamjua! Chumba cha nne kilikuwa wazi, mpangaji alihama. Dada akafungua, akaingia, akasimama katikati akaangalia dirisha, akaangalia dari, halafu akarudi akakaa pale kwenye kizingiti na mkoba wake mapajani. Sisi tukasubiri.

"Mdogo wangu," akasema, "mimi pale Njoro nalipa elfu arobaini. Chumba kimoja. Mvua ikinyesha nahamisha kitanda."

Nilijua anaishi Njoro. Nilijua anauza mitumba soko la Memorial, anaamka saa kumi usiku kuwahi mabelo. Kodi yake sikuwahi kuuliza. Miezi 14 mara 40,000 ni 560,000 amelipa chumba cha mtu na yeye ana vyumba sita, na mimi ndo nilikuwa nimekaa katikati. Mahakama ilikuwa inaniita kwa kuidharau mahakama, ila pale kizingitini niliona aliyedharauliwa alikuwa ni nani.

Tarehe ikafika. Nilivaa shati langu la kanisani, nikawahi saa mbili. Dada akaja na mfuko wa nailoni wenye karatasi zake, tukasalimiana, tukakaa benchi moja. Tulipoitwa hakimu alifungua jalada akasoma kimya muda mrefu kidogo, kisha akaanza kuniuliza kwa sauti ya chini kabisa.

"Bwana msimamizi, amri ya mahakama hii uliipata?"

"Niliipata mheshimiwa."

"Uliielewa?"

"Niliielewa."

"Ilitolewa tarehe ngapi?"

Nikajua mwezi, tarehe ikanipotea. Akafunua ukurasa. "Kodi ya mwezi uliopita uliipokea tarehe ngapi?"

"Tarehe mbili mheshimiwa."

"Hiyo unaikumbuka."

Sikujibu. Akaendelea, "Naona hapa rufaa yako ilitupwa mwezi wa tisa. Toka mwezi wa tisa mpaka leo ulikuwa unasubiri nini?"

Nilikuwa nimejiandaa na maneno mengi, nimeyafanyia mazoezi njia nzima kutoka nyumbani. Yote yakaniisha. Nikamwambia mheshimiwa nilikuwa sisubiri kitu. Nimekosea. Funguo nimezikabidhi siku tano zilizopita na hati ya makabidhiano hii hapa, na Fomu namba 6 nimeanza kuijaza sijaimaliza, naomba siku saba. Akaipokea hati akaisoma, akamuuliza dada anasemaje.

Dada akasimama. "Mheshimiwa funguo nimepata. Hela sijapata. Sitaki afungwe, ana watoto. Nataka hesabu."

Hakimu akaandika kwa muda. Kalamu ile niliisikiliza ndugu zangu, sijui nielezeje, ukiwa umesimama pale hujui kinachoandikwa ni nini. Akasema mahakama haipendi kumfunga mtu, inapenda amri yake itekelezwe, na kwa kuwa sehemu kubwa imetekelezwa kabla ya leo ananipa onyo ambalo limeandikwa kwenye jalada, siku saba kwa hesabu, na nisipoleta nitakuja kujieleza nikiwa nimesindikizwa na askari. Kuhusu usimamizi akaniacha nimalizie. Akaongeza kitu kimoja ambacho bado nakisikia, kwamba ningefika pale na maneno ya kuomba radhi bila funguo, asingeyasikiliza.

Hesabu sasa. Hapo ndo nilijifunza thamani ya risiti. Kodi ya miezi 14 ni 2,940,000, tukatoa miezi mitatu ambayo chumba cha nne kilikuwa wazi, 105,000, ikabaki 2,835,000. Nikaandika matengenezo ya choo na mabati 310,000, na kweli nilitumia hiyo hela, Mungu ananiona, ila risiti nilizokuwa nazo zilikuwa za 180,000 tu, fundi bomba nilimlipa mkononi hamna maandishi. Ikakubaliwa 180,000. Ile 130,000 ikaniangukia mimi. Deni likasimama 2,655,000. Kama wewe ni msimamizi wa mirathi sa hivi unasoma hii, nunua daftari leo, kila hela inayoingia na kutoka andika, na fundi asiye na risiti muandikie wewe kwenye daftari asaini na aweke namba yake ya simu, kwa sababu hela ya marehemu sio hela yako na siku ya hesabu hamna anayekuamini kwa sura.

Niliuza pikipiki nikampa dada 1,400,000 wiki ileile. Iliyobaki 1,255,000 tukakubaliana mbele ya mahakama nilipe kwa miezi mitano, 251,000 kila mwezi. Ilikuwa ngumu. Kuna awamu moja ya malipo, ya tatu nadhani, tarehe ilikuwa kesho na nina 90,000 tu mkononi. Zamani ningezima simu. Safari hii nilienda Memorial kabla ya tarehe, nikampa ile 90,000, nikaandika barua kwa mahakama na nakala kwake kwamba iliyobaki nitaimalizia ndani ya siku kumi na sababu ni hii, nikagongewa muhuri. Siku ya nane nikamalizia. Hamna aliyenifokea, hamna samansi. Barua ya nusu ukurasa.

Baba mdogo alikaa muda mrefu hanisemeshi, anasema nimeuza ukoo. Nilimwambia baba mdogo, mzee alisema mbele yako, na wewe ulikuwepo. Hajanijibu mpaka leo na sijui kama atanijibu. Hilo linaniuma, ila sio kama lile la kizingitini.

Malipo ya mwisho niliyapeleka mwezi wa kumi. Dada alikuwa ameshahamia Pasua, yuko chumba cha kwanza na cha pili, yule mama wa vitumbua amehamia cha nne na wanapika pamoja asubuhi. Asubuhi ile nilipanda Uru kwanza. Shangazi aliniona napita kwenye mpaka nakata isale, akaniacha nikate, hakuuliza safari hii. Nikashuka nalo mjini nimelifunga fundo, nimeliweka kwenye mfuko wa shati lisivunjike.

Dada alitoka mlangoni anafuta mikono kwenye kanga. Nikampa hela akahesabu, nikampa isale. Akalipokea kwa mikono miwili, akakaa nalo kimya, machozi yakamtoka na mimi yakanitoka. Halafu akauliza, "Na ile karatasi ya kusaini malipo ya mwisho umeibeba?"

Nilikuwa nimeibeba. Tukaingia ndani tukasaini.